Nani Aliyetengeneza Filamu? Kampuni, Msimulizi na Kasoro ya Historia ya Sinema Afrika Mashariki

1. Utangulizi

Historia ya sinema ya Afrika Mashariki, kama inavyosomeshwa katika idara nyingi za lugha na fasihi, ni historia ya makampuni. Mwanafunzi huanzishwa na jaribio la Vugiri la mwaka 1935, akapitishwa katika Colonial Film Unit iliyoundwa mwaka 1939, akaonyeshwa makampuni ya umma yaliyozuka baada ya uhuru, na hatimaye akafikishwa kwenye filamu zilizotengenezwa kwa ushirikiano na Wazungu wa siku hizi, kama vile Nairobi Half Life ya mwaka 2012. Katika kila kituo hutajwa jina la kampuni, jina la mwongozaji, mwaka na anwani ya filamu. Mwanafunzi anayeyakariri hayo hufaulu mtihani.

Mpangilio huu ni rahisi kufundisha, na ndiyo sababu umedumu. Hata hivyo, una kasoro isiyoweza kufidiwa kwa kuongeza majina katika orodha. Unamwacha nje msimulizi, yaani mtu aliyesimama baina ya pazia na hadhira akaifanya picha iseme. Mtu huyo ameitwa kwa majina mengi: mkalimani, mfasiri, msemaji wa gari la sinema, na katika zama za video, DJ au VJ. Inadaiwa katika makala haya kwamba kwa sehemu kubwa ya Afrika Mashariki filamu haikuwa imekamilika ilipotoka mikononi mwa kampuni. Ilikamilishwa na sauti yake, mahali maalumu, kwa lugha maalumu, mbele ya watu maalumu. Historia inayokomea kwenye kampuni basi hukomea kabla ya kazi yenyewe ya sanaa kuanza.

Hoja hii itapimwa kwa kuziangalia Migori na Homa Bay, kaunti mbili zilizotokana na wilaya ya zamani ya South Nyanza. Katika historia inayofundishwa kaunti hizi hazina sinema: hazitajwi miongoni mwa makao ya makampuni, wala studio, wala vyuo vya upigaji picha. Hilo ndilo linalozifanya kuwa kipimo kizuri. Nadharia ya sinema inayoishia Nairobi, Dar es Salaam na London haina budi kueleza ni kitu gani hasa walichokitazama watu wa Mbita, Sori, Rongo na Isebania, na ni nani aliyewatengenezea.

2. Jaribio la Vugiri na santuri ya Kijaluo

Bantu Educational Kinema Experiment ilikuwa ndiyo taasisi ya kwanza kujaribu kutengeneza filamu kwa mpango maalumu kwa ajili ya Waafrika wa Mashariki na Kati. Ilianza kazi mwaka 1935 na kumalizika mwaka 1937. Fedha zake nyingi zilitoka kwa shirika la Carnegie la Marekani. Ilisimamiwa na International Missionary Council kupitia kwa J. Merle Davis, na kazi yenyewe iliendeshwa na L. A. Notcutt na G. C. Latham. Makao yake yalikuwa Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika. Kutoka hapo lori la sinema lilizunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Filamu fupi 35 zilitengenezwa, na anwani zake zinatosha kueleza nia ya waliozitengeneza: kulikuwa na filamu kuhusu kodi, kuhusu benki ya akiba ya posta, kuhusu malaria ya watoto wachanga, kuhusu safura na kuhusu mmomonyoko wa udongo.

Wahakiki wamekwisha kuzichambua filamu hizi kama vyombo vya kasumba ya kikoloni, nao hawakukosea. Lakini wamelipita jambo moja ambalo kwa mhakiki wa fasihi ndilo lingepaswa kuwa la kwanza. Filamu hizo zilikuwa bubu. Sauti yake ilikuwa katika santuri iliyopigwa kwa gramafoni wakati picha ikionyeshwa. Njia hii ilichaguliwa kwa sababu ya gharama: picha ile ile moja ingeweza kuonyeshwa kwa Wasukuma, kwa Wakikuyu na kwa Waganda kwa kubadilisha santuri tu. Miongoni mwa lugha zilizotiwa katika santuri hizo kilikuwamo Kiswahili, na kilikuwamo Kijaluo pia.

Kwanza, hapa pana kichekesho kinachostahili kuzingatiwa. Taasisi iliyojiita ya Kibantu ilitia filamu zake sauti ya lugha isiyokuwa ya Kibantu. Wajaluo ni Waniloti, na jambo hilo halikuwa siri mwaka 1935. Waliolipa jaribio jina hilo walikuwa wamekwisha kuiunda hadhira yao akilini kabla ya kukutana nayo: Mwafrika mmoja wa jumla, asiye na lugha wala kabila, aliye tayari kufundishwa habari za kodi. Santuri ya Kijaluo iliivunja dhana hiyo. Kampuni ilipolazimika kusema na watu, ilibidi iseme na watu fulani, kwa lugha yao, yenye misamiati yake, heshima zake na mizaha yake.

Pili, na hili ni zito zaidi, mpango huo wa santuri unabadilisha jibu la swali la utunzi. Iwapo picha ni moja na santuri ni nyingi, matini ni ipi? Mhakiki anayejibu kwamba matini ni picha, na kwamba santuri ni kiambatisho, anafuata hesabu ya kampuni. Picha ndiyo iliyogharimu fedha nyingi, kwa hiyo ikahesabiwa kuwa filamu. Hesabu ya hadhira ilikuwa nyingine. Mtu aliyeketi chini gizani hakuona kwanza picha isiyo na lugha, kisha akasikia maelezo pembeni. Aliona mbu na mtoto mgonjwa wakati sauti ya lugha ya mama yake ikimwambia ni nani alaumiwe na nini kifanywe. Aliyechagua maneno hayo, akaamua pa kuharakisha na pa kunyamaza, alikuwa mtunzi kwa maana yoyote inayokubalika katika uhakiki.

Mwanafunzi wa uzamili leo ataweza kuwataja Notcutt na Latham. Akiulizwa ni nani aliyetia sauti ya Kijaluo katika santuri za Vugiri, hatakuwa na jibu, na yaelekea hajawahi kuulizwa. Kati ya filamu 35, tatu tu ndizo zinazojulikana kuwa zimehifadhiwa, katika hazina ya British Film Institute. Zimehesabiwa na kuelezwa kama picha. Serikali za makoloni zilipokataa kugharimia kuendelea kwa jaribio hilo mwaka 1937, kilichovunjika kilikuwa zaidi ya kampuni. Kulikuwa pia na kumbukumbu ya sauti za Waafrika zilizorekodiwa kwa lugha zao miaka mingi kabla ya redio kufika katika vijiji vyao. Hakuna mihadhara inayolitaja jambo hilo kama hasara ya fasihi.

3. Mkalimani na kisa cha kuku

Colonial Film Unit iliundwa London mwaka 1939, ikaongozwa na William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya afya nchini Nigeria. Iliendelea hadi mwaka 1955. Sellers aliamini kwamba Mwafrika asiyezoea sinema hawezi kufuata mbinu za kawaida za upigaji picha. Kwa hiyo aliagiza picha ziende polepole, zisikatwekatwe, zisichanganywe, na kila picha ionyeshe jambo moja. Nadharia hii ilitawala utengenezaji wa filamu za kikoloni kwa miaka kadhaa.

Ushahidi uliotajwa sana kuunga mkono fikra kama hizo ni kisa cha kuku. John Wilson alikieleza katika makala aliyoichapisha mwaka 1961, na Marshall McLuhan akakieneza katika The Gutenberg Galaxy, kitabu kilichotoka mwaka 1962. Wanakijiji walionyeshwa filamu ya kuwafundisha usafi wa mazingira. Walipoulizwa wameona nini, walijibu kwamba wameona kuku. Waliotengeneza filamu hawakujua kwamba ilikuwa na kuku. Walipoichunguza picha kwa picha, walimwona kweli akipita kwa nukta moja katika pembe ya chini. Kisa hiki kimerudiwa darasani mara nyingi kama thibitisho kwamba Mwafrika wa kijijini hakujua kusoma picha.

Kisa chenyewe kinathibitisha kinyume. Hadhira iliyomwona kuku ambaye mtengenezaji mwenyewe hakumwona ilikuwa na jicho kali kuliko kampuni. Kilichokosekana ni mtu wa kuiambia hadhira hiyo kwamba kuku hakuwa mhusika. Katika simulizi za kijijini kazi hiyo hufanywa na msimulizi: ndiye anayeamua kama kuku aliyepita uani ni pambo tu au ni mwanzo wa hadithi. Colonial Film Unit ililijua hitaji hilo kwa vitendo hata pale ilipolikana kwa nadharia. Filamu zake nyingi zilikuwa bubu, zikiambatana na maelezo yaliyoandikwa, ambayo mkalimani wa gari la sinema aliyasema kwa lugha ya mahali. Ofisi ya London haikuwa na njia ya kujua alichosema hasa. Aliyekuwa na maandishi ya Kiingereza mkononi na mamia ya watu mbele yake alikuwa na uhuru ambao hakuna mwongozaji wa filamu aliyepata kuwa nao: angeweza kufupisha, kurefusha, kukejeli, au kumgeuza bwana shamba wa kwenye pazia akawa kichekesho cha kijiji.

Katika eneo kama Migori uhuru huo ulikuwa pia mzigo. Hapo Kijaluo, Kikuria na Kiswahili hukutana katika soko moja, na kuelekea Mbita, Rusinga na Mfangano kuna Wasuba ambao lugha yao ilizidi kumezwa na Kijaluo kizazi baada ya kizazi. Kila usiku wa sinema katika mazingira hayo ulidai uamuzi wa kiisimujamii: useme lugha gani, ni nani utakayemwacha nje, na aliyeachwa nje utamrudishaje kwa kicheko au kwa neno la mkopo. Maamuzi hayo hayakufanywa na kampuni yoyote. Yalifanywa na msemaji, papo hapo, na ni ya kiutunzi sawasawa na uamuzi wa kuweka kamera huku au kule.

4. Makampuni yenye ndimi na makampuni ya taifa

Inaweza kusemwa kwamba kuja kwa filamu zenye sauti ya Kiswahili kulimwondoa msimulizi. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika iliipa kazi kampuni ya African Film Productions ya Johannesburg kutengeneza filamu za Kiswahili. Mojawapo, Muhogo Mchungu ya mwaka 1952, ilimweka mbele ya kamera kijana aliyekuwa mtumishi wa ustawi wa jamii, Rashidi Mfaume Kawawa, ambaye miaka kumi baadaye alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Mfano huu hupendwa na wanahistoria wa makampuni kwa sababu una kampuni, mwaka na mtu mashuhuri.

Lakini mfano huo huo unawageukia. Kiswahili cha filamu hizo kilikuwa lugha ya mama kwa wachache na lugha ya pili kwa wengi, na kwa wengine kilikuwa lugha ngeni kabisa. Mwaka 1952 mkulima wa Nyatike au mvuvi wa Karungu hakuhitaji mfasiri kwa Kiingereza tu. Alihitaji mfasiri kwa Kiswahili pia. Lugha iliyokusudiwa kuunganisha ilipita tena katika kinywa cha mtu mwingine. Yeyote anayeandika historia ya Kiswahili katika South Nyanza, na hasa jinsi kilivyotoka katika barua za utawala na kanisa kikaingia katika starehe, hawezi kuikwepa sinema. Na akiingia katika sinema hawezi kumkwepa mfasiri.

Makampuni ya taifa yaliyofuata uhuru yalirithi mtazamo ule ule. Tanzania Film Company iliundwa mwaka 1968, na mwaka 1974 ikatoa Fimbo ya Mnyonge, filamu ya ujamaa. Kenya ilitoa Kolormask mwaka 1986, chini ya uongozi wa Sao Gamba, na Saikati ya Anne Mungai mwaka 1992. Ni kazi muhimu, na hakuna anayependekeza ziondolewe katika silabasi. Lakini nadharia iliyokuwa nyuma ya makampuni ya umma ilikuwa kwamba taifa likiwa na kampuni yake litakuwa na sinema yake. Tajriba ilionyesha vinginevyo. Filamu chache zilitoka, nazo hazikufika mbali. Wakati huohuo, bila kampuni na bila ruzuku, sinema nyingine ilikuwa ikijengwa katika mabanda ya video.

5. Mabanda ya video na kanuni ya steringi

Video ilipoenea katika miaka ya 1980 na 1990, msimulizi alirudi akiwa amejitegemea. Nchini Uganda aliitwa VJ. Dar es Salaam alisifika Derek Mukandala, aliyejulikana zaidi kwa jina la Lufufu, ambaye alisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili mbele ya hadhira, kisha akaziuza katika kanda na diski zenye sauti yake. Nchini Kenya DJ Afro alipata umaarufu mkubwa kwa kuzisimulia filamu za India, za China na za Marekani kwa Kiswahili kilichochanganywa na Sheng. Mteja wa diski hizo huomba filamu ya DJ Afro. Jina la kampuni ya Mumbai au ya Hong Kong iliyopiga picha hizo halimhusu, na mara nyingi halijui. Katika lugha ya mteja huyo, swali la nani aliyetengeneza filamu lilikwisha kujibiwa, huku chuo kikuu kikiendelea kulijadili.

Hadhira ya mabanda hayo imejitungia pia nadharia yake ya fasihi. Mhusika mkuu huitwa steringi, na kanuni ya kwanza ni kwamba steringi hafi. Kanuni hii ni dai la kihakiki kuhusu utanzu: inatabiri mwisho, inaongoza hisia, na inafanya kifo cha steringi, kinapotokea, kuwa ukiukaji unaozua mjadala mkali. Msimulizi huicheza kanuni hiyo. Huwahakikishia watu mapema kwamba steringi atapona, au huwatisha kwamba leo mambo ni mengine. Hadhira ambayo Sellers aliidhania kuwa haiwezi kufuata picha mbili mfululizo inatumia dhana ya mhusika mkuu na matarajio ya utanzu bila kufundishwa na mtu.

Mpaka wa Isebania na Sirari uliongeza jambo jingine. Filamu za Kiswahili kutoka Dar es Salaam, zilizokuja kuitwa Bongo Movie, ziliwafikia Wakenya katika miaka ya 2000 bila kuhitaji mfasiri wa Kiingereza. Historia ya makampuni huziandika filamu hizo kama mali ya Tanzania: hutajwa Steps Entertainment iliyozisambaza, hutajwa Steven Kanumba aliyefariki mwaka 2012. Husahauliwa kwamba mwongozaji wa Girlfriend ya mwaka 2003, mojawapo ya filamu zilizofungua njia, alikuwa George Otieno, maarufu kama Tyson, Mkenya aliyefanya kazi Dar es Salaam hadi alipofariki katika ajali ya barabarani mwaka 2014. Mipaka ya makampuni na ya mataifa haiwezi kueleza njia aliyopita. Historia inayofuata sauti na lugha inaweza.

6. Pingamizi na majibu

Pingamizi la kwanza ni la kisheria. Inasemwa kwamba msimulizi ni mwizi: anachukua picha ya mwenzake bila idhini, anatia sauti yake, anauza. Dai hili lina nguvu mahakamani na yafaa lijibiwe huko. Katika uhakiki halina uzito linalodhaniwa kuwa nalo. Swali la nani mwenye haki ya kuuza kazi na swali la nani aliyeipa kazi umbo ni maswali mawili. Fasihi simulizi yote imejengwa juu ya kuchukua kisa cha mwingine na kukisimulia upya, na hakuna mhakiki aliyewahi kukataa kuichambua ngano kwa kuwa fanani hakuomba ruhusa.

Pingamizi la pili ni la lugha. Wako walimu wa Kiswahili wanaosema kwamba lugha ya wasimulizi hawa imeharibika, imejaa Sheng, matusi na maneno ya kigeni, na kwamba kuiingiza darasani ni kuhalalisha uharibifu. Pingamizi hili lingekuwa na maana kama kazi ya uhakiki ingekuwa kutoa vyeti vya usafi. Mhakiki huchunguza lugha inavyofanya kazi. Msimulizi anayemfanya askari wa Hong Kong aseme kama utingo wa matatu anafanya istiari: anaihamisha mamlaka ya kigeni na kuiweka katika kituo cha basi ambacho kila mtazamaji anakijua. Mwalimu asiyetaka kuisikia istiari hiyo kwa sababu imesemwa kwa Sheng hajailinda lugha. Ameacha tu kuisoma.

Pingamizi la tatu ndilo zito zaidi. Inasemwa kwamba usimulizi huu ni wa muda, hutofautiana kila mara, hauna matini thabiti, kwa hiyo haufundishiki. Kwa idara inayosomesha fasihi simulizi, kauli hii ni ya kujikanusha. M. M. Mulokozi, katika makala yake ya mwaka 1989 kuhusu tanzu za fasihi simulizi, aliweka muktadha na utendaji kuwa msingi wa uainishaji: fanani, hadhira, tukio, mahali na wakati. Kipimo hicho kikiwekwa juu ya banda la video, hakuna kinachokosekana. Fanani yupo, hadhira ipo na hujibu, tukio lina wakati na mahali pake. Kilichoongezeka ni pazia. Nao Ngugi wa Thiong'o, Henry Owuor-Anyumba na Taban lo Liyong, katika waraka wao wa mwaka 1968 wa kutaka Idara ya Kiingereza ya Nairobi ifutwe, waliidai nafasi ya kati kwa ajili ya fasihi simulizi. Zaidi ya miaka hamsini baadaye, idara zilizozaliwa na waraka huo zinasomesha fasihi simulizi saa tatu na kuikana saa nne, wanapoingia wanafunzi wa sinema.

Kwa msomaji wa Migori na Homa Bay mfano wa karibu zaidi ni nyatiti. Jathum anapopiga, msikilizaji ana haki ya kuukatiza wimbo kwa pakruok: anatoa fedha, muziki unasimama, naye anajisifu, anawasifu jamaa na marafiki zake, kisha wimbo unaendelea. Hakuna mhakiki wa fasihi ya Kijaluo anayedai kwamba pakruok inauharibu wimbo. Kukatizwa ni sehemu ya umbo. Haidaiwi hapa kwamba usimulizi wa filamu umetokana na pakruok. Linalodaiwa ni kwamba hadhira iliyolelewa katika sanaa inayokubali kukatizwa haitaiona sauti ya msimulizi juu ya picha kuwa uvamizi. Wanaoiona hivyo wamejifunza mahali pengine kwamba kazi ya sanaa ni kitu kilichofungwa, chenye mwenyewe na risiti.

Wala Afrika Mashariki haiko peke yake. Nchini Japani, katika zama za filamu bubu, msimulizi aliyeitwa benshi alisimama kando ya pazia akazisema sauti za wahusika wote. Mabenshi mashuhuri walikuwa na majina makubwa, na watu walilipa kiingilio kwa ajili ya kumsikia benshi fulani. Historia ya sinema ya Japani huwatengea sura yao, pamoja na makampuni na waongozaji. Hakuna anayesema kwamba sura hiyo inaishusha hadhi sinema ya Japani. Iwapo benshi ni historia huko, ni kwa kigezo gani Lufufu ni uharamia tu huku?

7. Hitimisho

Historia ya makampuni imependwa kwa sababu makampuni huacha karatasi. Mashirika yaliyotoa fedha yaliandikiwa ripoti, Colonial Film Unit ilichapisha jarida lake, na makampuni ya umma yaliacha mafaili wizarani. Msimulizi hakuacha faili. Lakini wingi wa karatasi hauthibitishi kwamba sanaa ilikuwa upande wake. Unathibitisha tu ni nani aliyekuwa na karani.

Kazi inayotakiwa inajulikana, na haihitaji mfadhili mkubwa. Kuna chuo kikuu Rongo, katika Kaunti ya Migori, na kuna kingine mjini Homa Bay chenye jina la Tom Mboya. Wanafunzi wa uzamili wa vyuo hivyo hutafuta mada za tasnifu kila mwaka, na wengi huishia kuchambua tena riwaya zilizokwisha kuchambuliwa na walimu wao. Wazee walioyaona magari ya sinema wakiwa watoto katika miaka ya 1950 sasa wana umri wa miaka sabini na themanini na zaidi. Wanaweza kuulizwa nani alisema, kwa lugha gani, watu walicheka wapi. Wasimulizi wa mabanda ya video wanaweza kurekodiwa kazini, wakaandikwa majina yao kwa ridhaa yao, mahali, tarehe, lugha zilizotumika na filamu iliyosimuliwa. Filamu moja ikisimuliwa na watu watatu, mmoja Migori, mmoja Mbita na mmoja Isebania, itatoa matini tatu za kulinganishwa kwa mbinu zile zile zinazotumiwa kulinganisha matoleo ya ngano.

Baada ya hapo ndipo itakapowezekana kuirudia historia ya makampuni na kuiandika sawasawa. Vugiri itabaki, Colonial Film Unit itabaki, Tanzania Film Company itabaki, kila moja kama chanzo cha picha. Katika safu ya mtunzi patahitajika majina mengine, na mengi ya yale ya kwanza yamekwisha kupotea. Idara itakayokubali kuanza na yaliyosalia haitakuwa imeiteremsha fasihi hadi kwenye banda la video. Itakuwa imejibu, kwa kuchelewa, swali ambalo santuri ya Kijaluo iliuliza zaidi ya miaka themanini iliyopita.